Chuo Kikuu Chataka Isnadi

Sisi watu wa pwani tukitaja neno chuo bila ya kuongeza jambo, twakusudia chuo cha Kurani: mkeka, ubao, wino wa masizi, na maalim na bakora yake. Chuo kikuu ni jina lililokuja baadaye, na wengi wetu tulilipokea kana kwamba ni kitu cha watu wengine, kisichokuwa na udugu wowote na kile chuo kidogo. Dhana hiyo naipinga. Nadai kwamba kijana aliyehitimu vyema kwa maalim wake, kisha akakaa katika darsa za msikitini baina ya magharibi na isha, amekwisha kufunzwa nusu nzima ya kazi inayowatoa jasho wanafunzi wa vyuo vikuu vyetu, nayo ni kazi ya kuandika insha ya kitaalamu. Lililopungua ni kwamba hakuna aliyemwambia kuwa amefunzwa.

Neno insha lenyewe latoka katika Kiarabu, na asili ya maana yake ni kuanzisha, kuleta kitu ambacho hakikuwapo. Makatibu wa madiwani ya makhalifa walilitumia kwa sanaa ya kutunga barua za dola. Katika shule zetu za Kenya neno hilo limevaa nguo fupi zaidi. Mtahiniwa wa KCSE afunguapo karatasi ya 102/1 hukuta maswali manne. La kwanza ni la lazima, kisha achague moja katika matatu yaliyosalia, na kila insha ina alama 20 na isipungue maneno 400. Mara nyingi miongoni mwa hayo matatu pana methali, naye aitungie kisa. Sina ugomvi na karatasi hiyo. Ugomvi wangu ni na vile vipande vya daftari vinavyopita mkono kwa mkono, vya misemo ya kuhifadhi: namna kumi za kusema kumekucha, namna kumi za kusema mtu alikimbia. Mtoto huvihifadhi kama sisi tulivyohifadhi juzuu ya Amma, ila sisi tulihifadhi maneno yenye mwenyewe, na yeye ahifadhi maneno yasiyo na mwenyewe.

Matunda yake niliyaona bara. Mwaka jana nilialikwa Kitale na jamaa yangu wa Mombasa aliyehamia huko zamani kwa biashara ya mahindi, nikakaa wiki tatu, na mara kwa mara nikapanda matatu kupitia Kiminini na Webuye hadi Bungoma. Nchi ile imebadilika sana tangu nilipoipitia katika ujana wangu. Kibabii, kando ya mji wa Bungoma, pana chuo kikuu kilichoanza mwaka 2011 kikiwa chuo kishiriki cha Masinde Muliro ya Kakamega, na mwaka 2015 kikapata hati yake chenyewe. Mtoto wa mkulima wa Kimilili hana haja tena ya kuuza ng'ombe ili akapange chumba Nairobi. Elimu imemfuata nyumbani. Lakini ile lugha ya elimu, namna ya kusema jambo likakubalika na wanaojua, hiyo haikujengwa pamoja na majengo.

Mwenyeji wangu ana mpangaji wake, kijana wa Kimilili, mwanafunzi wa mwaka wa pili. Simtaji jina lake wala chuo chake. Kijana huyo, aliposikia kuwa mimi ni mtu wa magazeti na mashairi, alinijia na insha yake mkononi kama mtu aletaye mgonjwa. Mhadhiri wake wa Kiswahili aliwaambia kila mmoja achague jambo la kwao alijadili. Yeye alichagua Elijah Masinde na Dini ya Msambwa. Alikuwa amepata 9 kati ya 30, na pembezoni mwa karatasi, kwa wino mwekundu, paliandikwa maneno mawili yale yale mara sita: Nani kasema?

Nikaisoma. Ilianza kwa methali, ikafuata nyingine, kisha Masinde akachomoza kama jua la asubuhi litokalo nyuma ya Mlima Elgon. Sasa, ndugu msomaji, Kimilili iko kusini-mashariki ya mlima ule. Jua la asubuhi halijapata hata siku moja kutokea upande huo, hutua huko. Kijana amezaliwa pale, ameliona jua kila siku ya maisha yake, lakini aliposhika kalamu hakuandika alichokiona, aliandika alichokihifadhi. Nadhani hapo ndipo penye ugonjwa wote, na zile 9 alizopewa zilikuwa za huruma.

"Mzee," akaniambia, "shuleni nilikuwa nikipata 18 kwa 20. Kiswahili changu kina kosa gani?"

Nikamjibu kuwa Kiswahili chake hakina kosa. Nikamwuliza: yule aliyekuuliza nani kasema, wewe ulimjibu nini?

Hapo nilikumbuka darsa zetu. Mwanafunzi wa fikihi akianza kusema mbele ya sheikh kwamba jambo fulani lajuzu, haachwi amalize. Ataulizwa: dalili yako ni ipi? Katika kitabu gani, mlango gani? Nasi Mashafii tunajua kwamba hata wakubwa hawakuafikiana. Ibn Hajar ana kauli yake na Ramli ana yake, wote wawili wakiwa wameishereheshea Minhaj ile ile ya Nawawi. Mwanafunzi hawezi kumfuata mmoja kwa sababu jina lake lampendeza. Ataje kauli ya huyu na hoja yake, ataje ya yule na hoja yake, kisha aseme ipi yenye nguvu na imepata nguvu kwa nini. Na katika elimu ya hadithi mambo ni makali zaidi. Matini yaweza kuwa matamu kama asali, lakini kama mlolongo wa waliyoyapokea una mtu asiyejulikana, au mtu wa leo anadai kasikia kwa mtu aliyekufa kabla yeye hajazaliwa, wanachuoni wayaweka kando.

Basi insha ya chuo kikuu ni hiyo. Swali lenye khilafu ndani yake, kauli za waliotangulia, kila moja na mwenyewe, ushahidi, kisha tarjihi yako wewe mwandishi. Zile tanbihi za chini ya ukurasa zinazowatisha vijana ni isnadi iliyoandikwa kwa herufi ndogo. Wala si mimi wa kwanza kuuona udugu huu. Chama cha Historia cha Kenya kilipoanza kuchapisha makala za wanahistoria wetu katika miaka ya 1960, chini ya uhariri wa Bethwell Ogot, mfululizo wao waliuita Hadith.

Lakini nisije nikakipaka chuo chetu mafuta kupita kiasi. Kina upungufu wake, na upungufu huo vilevile hufuatana na mtoto hadi chuo kikuu. Tulifunzwa kupokea zaidi ya kuuliza. Mwanafunzi wa namna hiyo, akishajua kutaja majina, hutaja majina tu: fulani kasema, fulani kasema, kurasa kumi, na yeye mwenyewe haonekani hata kisogo. Mhadhiri wa haki atampunguzia alama huyo kama alivyompunguzia yule wa methali. Isnadi ni njia ya kupitishia neno, na neno lenyewe sharti liwepo.

Tulikaa na yule kijana jioni nne. Jambo la kwanza nililomwomba ni kwamba asiandike kitu, aniulize tu swali moja juu ya Dini ya Msambwa ambalo jibu lake yeye halijui. Hilo lilimshinda jioni nzima. Amezoea kwamba aandikaye ni yule ajuaye. Jioni ya pili tukapanga mambo ambayo hayana ubishi. Masinde alikuwa mchezaji hodari wa kandanda kabla ya kuwa kiongozi wa dini. Katikati ya miaka ya 1940 serikali ya Waingereza ilimtia katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mathari. Alipotoka aliwakusanya watu Chetambe, walipouawa Wabukusu na majeshi ya Waingereza mwaka 1895. Februari 1948 polisi waliwapiga risasi watu Malakisi, wakafa 11. Mwaka huo huo dini ikapigwa marufuku, na Masinde akahamishwa hadi Lamu, akakaa miaka mingi. Uhuru ukaja. Na mwaka 1968 serikali ya Kenya huru nayo ikaipiga marufuku dini ile ile. Masinde alifariki mwaka 1987.

Kijana akaitazama orodha ile, akanyamaza, kisha akasema: "Mzee, kama walikuwa wakiwapinga Wazungu, mbona serikali yetu wenyewe iliwakataza?"

Nikamwambia, hilo ndilo swali. Umelipata, lishike.

Tangu hapo kazi ikawa nyepesi, au tuseme ikawa ngumu kwa namna nyingine. Alikwenda kutafuta waliotangulia. Alimkuta Audrey Wipper, ambaye katika kitabu cha mwaka 1977 aliitazama Dini ya Msambwa kama uasi wa watu wa mashamba. Alimkuta Gideon Were, mwana wa magharibi ya Kenya aliyeandika historia ya Abaluyia mwaka 1967 kutokana na masimulizi ya wazee; na jambo lililomshangaza ni kwamba mwaka huo huo Were alichapisha kitabu kingine chenye masimulizi yenyewe, ili atakaye aone ameyatoa wapi. Mwanafunzi wangu alivutiwa na kitabu hicho cha pili kuliko cha kwanza. Kisha alikwenda kwa mzee mmoja wa kwao, naye akamwambia kwamba watu wa mjini wanasema siasa, siasa, ilhali msambwa ni mizimu ya wazee, na wao walipanda mlimani kuabudu. Kwa hiyo akarudi na khilafu kamili: mmoja asema uasi, mwingine asema ibada, na marufuku mbili zinazotaka kufafanuliwa.

Insha ya pili ilianza hivi: "Dini ya Msambwa ilipigwa marufuku na serikali mbili zisizofanana, mwaka 1948 na mwaka 1968, insha hii yauliza ni kitu gani kilichoziudhi zote mbili." Hakuna methali, hakuna tashbihi, na jua limeachwa litokee litokako. Mimi mshairi nakiri kwamba sentensi hiyo ilinipendeza kuliko beti nyingi ninazoletewa kwenye ukurasa huu.

Wapo watakaosema kwamba namna hii ya kuuliza na kushuhudisha ni ya kigeni, tumeletewa na Wazungu, na kwamba Mwafrika husema kwa methali. Watu wa Bungoma wenyewe wanaikanusha kauli hiyo. Wabukusu wana kumuse, hotuba ya baada ya maziko ya mtu mkubwa, ambapo msemaji hutembea mbele ya watu akizitaja koo na zilikotoka, nani kamzaa nani, nani alihamia wapi. Kazi hiyo haachiwi kila mwenye ulimi mwepesi. Akikosea nasaba, wazee wapo wamekaa pale. Methali huitumia, naam, lakini huitia baada ya kuthibitisha, kama chumvi.

Na mtu wa huko ametuonyesha tayari inavyowezekana. Marehemu Ken Walibora alizaliwa Bungoma. Wasomaji wengi wanamjua kwa riwaya ya Siku Njema, iliyotoka mwaka 1996, ambamo Kongowea Mswahili afunga safari kutoka Tanga, akapitia Mombasa, mpaka Kitale kumtafuta baba yake. Wachache wanajua kwamba Walibora alikuwa na mkono wa pili. Mwaka 2009 alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Jimbo la Ohio, Marekani, na mwaka huo huo akachapisha makala ya kitaalamu juu ya Sauti ya Dhiki, diwani ya Abdilatif Abdalla, mtoto wetu wa Mombasa, aliyefungwa kuanzia 1969 hadi 1972 kwa sababu ya kijikaratasi chake cha kuuliza Kenya yaelekea wapi. Alifariki Aprili 2020, Mungu amrehemu, na mikono yote miwili ikanyamaza.

Hebu tulitafakari hilo kidogo. Mshairi ni wa kwetu, lahaja ni ya kwetu, gereza lilimla mtu wa kwetu, na aliyeketi akaupima ushairi ule kwa mizani ya elimu ni mtoto wa Bungoma. Simwonei choyo, namshukuru. Lakini nawauliza vijana wa Mombasa, Malindi na Lamu: nyinyi mlikuwa wapi? Twajua kughani, twajua kusema beti hii ni tamu. Tukiulizwa tamu kwa nini, na nani mwingine alisema hivyo, na tofauti yake na ya Muyaka ni ipi, twasema hayo ni mambo ya wasomi. Babu zetu hawakuwa hivyo. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui alitoa karatasi yake ya Sahifa mwaka 1930, na Al-Islah mwaka 1932, humo akajenga hoja kwa Kiswahili, hoja juu ya hoja, za kuwajibu watu waliokuwa hai na wenye uwezo wa kumjibu. Mwanawe Ali alipata daraja la tatu katika mtihani wa Cambridge, Makerere ikamkataa. Mwaka 1966 alikuwa na udaktari wa Oxford, na baadaye dunia nzima ikamsoma. Kuandika hufunzwa, na yeyote asemaye ni kipaji tu anatafuta pa kupumzikia.

Sasa nieleze lililonitia uchungu Kitale, nalo halikuwa zile alama 9. Kijana wangu ana rafiki yake, amemaliza chuo miaka mitatu iliyopita, hana kazi. Usiku hulala saa kumi za alfajiri, kwa kuwa usiku wa Kitale ni mchana wa Marekani. Huandika insha za wanafunzi wa huko kwa malipo: sosholojia, uuguzi, falsafa, lolote liletwalo. Kazi hii imeenea Kenya, si siri tena. Filamu ya mwaka 2024, The Shadow Scholars, iliyomfuata Profesa Patricia Kingori wa Oxford, ilikuja kuwatafuta vijana hawa hawa. Uingereza mwaka 2022 ilitunga sheria ya kuwakataza wauzaji wa insha hizo wasifanye biashara ndani ya England.

Niliomba anionyeshe moja. Ndugu msomaji, ilikuwa insha ya kweli. Swali limekaa, wapinzani wametajwa kwa haki, ushahidi umepangwa, na mwisho ana lake la kusema. Yaani elimu hii tunayolia kwamba vijana wetu hawana, wanayo. Inaandikwa usiku katika chumba cha kupanga Kitale, na asubuhi inaamka na jina la mtu mwingine ng'ambo. Nilimwuliza kama amewahi kuandika kitu kimoja kwa jina lake. Akacheka. Kwa upande wa sheria yetu sioni pa kuipitishia kazi hiyo, kwa kuwa ni kumsaidia mtu kughushi, na muuguzi aliyefaulu kwa insha ya kununua kesho atamshika mgonjwa. Lakini kumhukumu kijana mwenye njaa ni rahisi mno. Nataka pia wahukumiwe waliomfunza mpaka akaiva, kisha wasimpe pa kusimama na jina lake.

Hata biashara hiyo sasa yaanza kufa, maana imekuja mashine ya akili bandia, iandikayo insha nzima kabla chai haijapoa. Wanafunzi wa Bungoma wanayo katika simu zao kama wa Boston. Sitaki kuieleza sana; niseme hili moja ambalo wahadhiri wamekwisha kuliona kwingi. Mashine hiyo yaweza kukutajia kitabu, mwandishi, mwaka na ukurasa, na kitabu hicho hakipo, hakijaandikwa. Wanachuoni wa hadithi wana jina la kitu hicho tangu zaidi ya miaka elfu: maudhui, ya kuzua, yenye isnadi iliyoshonwa vizuri juu ya uwongo. Walitunga vitabu vizima vya kuzikusanya ili watu wazijue. Mtoto aliyepita darsani ataiuliza mashine lile lile alilozoea kuulizwa yeye.

Yule kijana wa Kimilili hakuridhika na insha yake ya pili, ingawa alipata 21. Anasema ina tundu katikati. Vitabu alivyopata vyamfikisha Masinde Lamu na kumtoa Lamu, lakini miaka aliyokaa baina ya hapo, katika mji wa Waislamu, yeye kiongozi wa dini ya mizimu ya Elgon, haijui. Je, alizungumza na nani? Watu wa Lamu walimwonaje? Amenipigia simu mwezi huu kuniuliza kama yuko mtu aliye hai anayekumbuka, au aliyesimuliwa na baba yake. Nimempa majina ya wazee wawili wa Langoni na mmoja wa Mkomani, na nimemwambia kila mmoja amwulize kasikia kwa nani. Nauli ya kutoka Bungoma mpaka Mokowe anaikusanya sasa. Yasemekana atakuja likizo ya Desemba.